Mpaka Nyumba Nzima Iwe Malazi

Kilebu anapozaliwa hawezi hata kukojoa mwenyewe. Macho yamefumba, masikio yameziba, na haja haitoki mpaka mama yake amlambe sehemu za nyuma. Mama humlamba, haja ikatoka, naye akaifuta papo hapo kwa ulimi wake asibakize kitu. Ndiyo maana mbwa jike anaweza kulea watoto 6 au 8 katika pembe moja ya banda kwa wiki mbili tatu na pembe hiyo isinuke. Hajafunzwa na mtu. Kisha, inapoingia wiki ya 3 hivi, macho yamefunguka na miguu imeanza kushika ardhi, vilebu huanza kujikokota wenyewe kutoka wanapolala, hatua chache tu, wakajisaidia kando, wakarudi kwa mama. Hakuna aliyewafokea wala kuwachapa.

Ufundi ninaotaka kuusifu unaanzia hapo. Watu wengi hudhani kumfunza kilebu usafi wa nyumbani ni kumtia mnyama mchafu adabu asiyokuwa nayo. Sivyo. Anayemchukua kilebu wa miezi 2 anapokea kazi ambayo mama mbwa ameshaianza: mnyama anayejua kwamba pa kulala si pa kujisaidia. Asichokijua ni ukubwa wa mahali penyewe. Kwake, malazi ni lile tambara lenye joto lake. Sebuleni, ukumbini, chini ya meza ya chakula, kote huko ni nje. Mfunzaji hodari huichukua tabia iliyopo na kuitandaza, chumba baada ya chumba, hadi nyumba nzima iwe malazi.

Kwa vizazi vingi jambo hili halikutusumbua sana Afrika Mashariki. Mbwa wetu wamelala uani, wakilinda mifugo na lango. Tena zipo nyumba nyingi, hasa za Waislamu wa pwani wanaofuata madhehebu ya Shafii, ambako mbwa haingii ndani kabisa, kwa kuwa kilichoguswa na mate yake hutakiwa kuoshwa mara 7, mara moja kati ya hizo kwa udongo. Lakini miji imepanda juu. Jijini Nairobi, familia inayoishi ghorofa ya 4 haina ua wala mlango wa nyuma. Ikipenda mbwa, itakaa naye kwenye vigae vile vile wanavyotambalia watoto. Hapo usafi huwa ndio sharti la kwanza la kuishi pamoja, na anayejua kuufunza huwa mtu wa kutafutwa.

Nimebahatika kuishi karibu na mtu wa namna hiyo. Ni mama aliyestaafu ualimu wa shule ya msingi, na kwenye jengo letu kila mtu, hata waliomzidi umri, humwita Mwalimu. Watu humletea vilebu wao awaanzishe, akakaa nao hadi wakashika njia, kisha wenyewe wakaja kuwachukua. Nimemtazama akifanya kazi hiyo kwa muda mrefu, na kadiri ninavyomtazama ndivyo heshima yangu kwake inavyozidi.

Kilebu akifika, Mwalimu haanzi kwa kuuliza jina wala aina. Huuliza: "Alizaliwa wapi, na alikuwa akikanyaga nini?" Ni swali la mtu anayejua kazi yake. John Paul Scott na John Fuller, waliochapisha mwaka 1965 matokeo ya utafiti wao wa miaka mingi kule Bar Harbor, Marekani, walionyesha kwamba kilebu akikaribia wiki ya 9 huanza kujichagulia mahali maalumu pa haja. Nyayo nazo zinakuwa zimeshazoea kitu. Aliyekulia kwenye nyasi hutafuta nyasi, aliyekulia kwenye saruji hutafuta saruji, na aliyekulia juu ya magazeti ataiona karatasi yoyote iliyoanguka sakafuni kuwa choo. Wa kuhurumiwa ni yule aliyefungiwa kwenye kizimba kidogo cha biashara akalazimika kulala juu ya uchafu wake. Huyo amenyang'anywa alichopewa na mama yake. Mwalimu humtengea muda mwingi kuliko wengine, kwa sababu lazima kwanza amrudishie hamu ya kulala pakavu: humbadilishia tambara kila likilowa, hata usiku wa manane.

Akishajua kilebu ametoka wapi, Mwalimu huigeukia saa. Wafunzaji wengi wana kanuni moja nyepesi: chukua umri wa kilebu kwa miezi, ongeza 1, utapata idadi ya saa anazoweza kujizuia. Wa miezi 2, basi, ni saa 3. Lakini huo ni upeo, na fundi hamfikishi mwanafunzi wake kwenye upeo. Kilebu aliye macho na anayecheza anahitaji kutolewa kila saa, pengine kabla ya hapo. Zipo nyakati ambazo hazina mjadala: mara tu anapoamka, hata kama kalala dakika 10, baada ya kula, baada ya kucheza kwa nguvu, na kabla ya kulala. Ile ya baada ya kula ina sababu yake mwilini. Chakula kikiingia tumboni, utumbo mpana nao huamka na kuanza kusukuma, na kwa kilebu haja kubwa hufuata baada ya dakika 5 hadi 30. Kwa hiyo Mwalimu hulisha kwa wakati uliopangwa, mara 3 kwa siku, na bakuli huondolewa likishaachwa. Kinachoingia kwa saa hutoka kwa saa. Bakuli linaloshinda limejaa humwondolea mfunzaji uwezo wa kukisia, na kukisia ndiyo nusu ya kazi yake.

Nusu ya pili ni macho. Jioni moja nilikuwa kwake tukinywa chai, kilebu mweusi wa miezi 2 na kitu akivutana tambara na mjukuu wake pale zuliani. Mchezo ulikuwa umekolea. Ghafla kilebu akaliachia tambara. Pua ikashuka chini, akapiga hatua tatu akinusa kando ya kochi, akaanza kuzunguka, mgongo umejikunja kidogo. Mimi nilidhani amechoka.

"Nyanya, anazunguka!" mjukuu akasema.

"Mchukue. Taratibu, usimkimbize."

Mtoto akamkumbatia kwa mikono miwili, mmoja chini ya kifua na mwingine chini ya matako, wakatoka roshani. Kutoka kuachia tambara hadi kufika nje zilipita sekunde chache tu. Mwalimu alikuwa ameweka kikombe chini kabla mtoto hajafungua kinywa. Alikuwa ameona pua ikishuka. Nilipomuuliza alikuwa anatazama nini, aliniambia hutazama badiliko. Kilebu mmoja huzunguka, mwingine hunyamaza, mwingine huondoka kwenda nyuma ya mlango, mwingine hulia kwa sauti nyembamba. Dalili za kila mmoja hutofautiana, ila wote huacha walichokuwa wakifanya. Mtu anayesubiri kuona kilebu akichuchumaa amechelewa.

Kule roshani kuna jambo jingine la kutazamwa. Kirusi cha parvo huua vilebu, na kinaweza kudumu kwenye udongo kwa miezi mingi. Kilebu asiyemaliza chanjo zake, ambazo huendelea hadi wiki ya 16 hivi, hafai kushushwa kwenye uwanja wanaopita mbwa wa mtaa mzima. Kwa anayeishi ghorofani huo ni mtego: wiki zilizo bora za kufunza ndizo zile zile za kutomkanyagisha chini. Mwalimu ameutegua kwa beseni pana lililojazwa udongo safi na nyasi halisi, likawekwa mwisho kabisa wa roshani, mbali na mlango. Kilebu mgeni akifika, humwomba mwenyewe alete pamba au kipande cha tambara chenye mkojo wa kilebu huyo, akakiweka katikati ya nyasi. Pua ya mbwa, ambayo vipokezi vyake vya harufu ni mara nyingi zaidi ya vyetu, husoma pale kwamba hapa ndipo. Chanjo zikishatimia, nyasi zile zile hubebwa hadi pembe ya bustani ya jengo, na kilebu huzikuta huko zikiwa na harufu yake. Choo kimehama, lakini alama za choo hazikubadilika.

Akiwa kwenye nyasi, Mwalimu husimama kimya. Hamchezeshi wala hamwimbii. Kilebu akianza kukojoa, humwambia kwa sauti ya chini "haya, kojoa", neno lile lile kila siku, ili baadaye neno liweze kutangulia na tendo likafuata. Akimaliza, kabla hajanyanyua mguu kuondoka, kipande kidogo cha nyama kinakuwa kimeshafika mdomoni mwake, na sifa tele juu yake. Hapa wengi hupakosea: humzawadia akishaingia ndani. Kwa kilebu, hiyo ni zawadi ya kuingia ndani. Mwalimu pia hamrudishi mara moja. Humwacha acheze kidogo pale nje, kwa sababu kilebu anayeona kwamba kumaliza haja ndio mwisho wa starehe atajifunza kuichelewesha, kisha ataimalizia kwenye zulia.

Uzito wa sekunde hizo chache unaonekana wazi Morogoro, Tanzania. Katika Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine, shirika la APOPO hufunza panya buku kunusa mabomu ya ardhini na kutambua makohozi yenye kifua kikuu. Mfunzaji hubonyeza kidude kinachotoa mlio mfupi mara tu panya anapofanya jambo sahihi, kisha humpa chakula. Mlio huziba pengo kati ya tendo na zawadi, ili mnyama asiwe na shaka analipwa kwa lipi. Mmoja wa wahitimu wa Morogoro, Magawa, alitunukiwa mwaka 2020 nishani ya dhahabu ya shirika la PDSA la Uingereza kwa kazi yake ya kunusa mabomu Kambodia. Kati ya panya huyo na kilebu anayekojoa kwenye nyasi za roshani kuna tofauti ya uzito wa kazi, lakini kanuni ni moja: mnyama hujifunza kutokana na kile kinachofuata papo hapo.

Sasa ile kazi ya kutandaza malazi. Mwalimu huanza na kizimba, na kipimo chake hukichukua kama fundi: kilebu aweze kusimama bila kuinamisha kichwa, ageuke, ajinyooshe alale. Kisizidi hapo. Kikiwa kikubwa, atalala upande mmoja na kujisaidia upande wa pili, na somo la mama yake litakuwa limekwepwa. Kwa kilebu anayekua haraka, Mwalimu hununua kizimba kikubwa akakigawa kwa ubao, akausogeza ubao kadiri mwili unavyorefuka. Kizimba si jela na hakitumiki kama adhabu. Chakula huliwa humo, usingizi wa mchana hulalwa humo, mlango ukiwa wazi mara nyingi. Kilebu hafungiwi humo kupita muda anaoweza kujizuia, maana akilazimika kujichafua mara kadhaa, kilichojengwa kinabomolewa.

Kutoka kizimbani huja kipande cha sebule kilichozungushiwa uzio mdogo, kisha sebule yote huku kilebu amefungwa kamba ndefu kiunoni mwa Mwalimu, akimfuata jikoni na kurudi, asipate nafasi ya kupotelea nyuma ya kochi. Kisha ukumbi. Kisha chumba cha kulala. Kama mkulima anayefyeka pori, hafungui ekari mpya kabla ya ile ya jana kulimika. Katika kila chumba kipya Mwalimu hukaa na kilebu sakafuni, humlisha hapo, humwacha alale hapo, maana mahali panapoliwa na kulalwa ndipo pua ya mbwa hupahesabu kuwa pake. Nimeona watu wakiharibu kazi nzuri katika hatua hii. Kilebu amekuwa msafi sebuleni kwa wiki nzima, wakafurahi, wakamfungulia nyumba yote siku moja, na jioni wakakuta dimbwi chumba cha wageni. Kilebu hakusahau chochote. Hakuwa ameambiwa kwamba chumba cha wageni nacho ni nyumbani.

Ajali hutokea hata kwa fundi. Akimkuta kilebu katikati ya tendo, Mwalimu hupiga kofi moja jepesi la viganja kumkatiza, humbeba hadi kwenye nyasi, na akimalizia hapo humsifu kana kwamba alikuja mwenyewe. Akikuta dimbwi lililokwisha kupoa, hamchukui kilebu, huchukua tambara. Ile desturi ya kumsukumizia pua kwenye mkojo na kumchapa humfundisha kilebu jambo moja tu: kwamba kukojoa mbele ya watu ni hatari. Kesho yake hataki kukojoa nje mkiwa pamoja, na akirudi ndani hujificha nyuma ya pazia. Wengi husema, "Lakini anajua amekosa, mtazame uso wake." Mwaka 2009, mtafiti Alexandra Horowitz wa New York alichapisha jaribio lake kuhusu uso huo. Mbwa walikatazwa kula kitu, mwenye mbwa akatoka, na aliporudi akaambiwa mbwa wake ametii au hakutii, wakati mwingine kinyume na ukweli. Sura ile ya hatia haikufuata kosa, ilifuata kukemewa. Tena waliotii wakakemewa bure ndio walioionyesha zaidi. Kinachoonekana usoni ni hofu ya mbwa mbele ya mtu aliyekasirika.

Kusafisha nako ni elimu. Mkojo ukikaa, urea iliyomo huvunjika ikatoa amonia, kwa hiyo dawa ya sakafu yenye amonia huongeza harufu ile ile inayomwita kilebu arudi. Jiki nayo ikikutana na mkojo hutoa mvuke unaochoma macho na kifua. Mwalimu hunyonya mkojo kwa tambara kavu bila kusugua, kisha hutumia sabuni yenye vimeng'enya, ile inayomeng'enya chanzo cha harufu badala ya kuifunika kwa manukato. Akiikosa, hutumia siki iliyochanganywa na maji. Hupiga deki kupita ukingo wa dimbwi, maana mkojo hutambaa kwenye mifereji ya vigae mbali na unapoonekana.

Usiku una taratibu zake. Kizimba huwekwa karibu na kitanda ili Mwalimu asikie kilebu anapoanza kujigeuzageuza. Humtoa kwa taa hafifu, bila maneno mengi wala mchezo, akimaliza humsifu kidogo na kumrudisha. Kilebu akigundua kwamba usiku kuna burudani ataamka kwa ajili yake. Wiki zikipita, usingizi hurefuka wenyewe.

Fundi pia anajua kazi isiyo yake. Kilebu anayetoa matone kila dakika chache, au anayelia akikojoa, huenda ana maambukizi kwenye njia ya mkojo, na wa kumwona ni daktari wa mifugo. Yule anayejikojolea kila mgeni anapomwinamia hana tatizo la usafi. Ni heshima na woga wa mtoto mbele ya mkubwa. Mwalimu huwaomba wageni waingie bila kumjali, wakae kwanza, wamwache aje mwenyewe. Wengi wao huacha wakikua.

Inachukua muda gani? Wengi hutulia kati ya miezi 4 na 6 ya umri, na wengine, hasa wa aina ndogo wenye vibofu vidogo, huendelea hadi karibu mwaka. Hakuna njia ya mkato ninayoijua, na hilo ndilo ninaloliheshimu zaidi katika kazi hii. Mwalimu hamshindi kilebu nguvu. Humpangia siku kwa namna ambayo kufanya sahihi ndiko kunakomjia kirahisi, kisha hurudia mpangilio huo kesho na keshokutwa bila kuchoka, hadi mazoea yasimame bila yeye. Matokeo yake ni makubwa kuliko sakafu safi. Kuchafua nyumba ni miongoni mwa sababu ambazo watafiti Marekani wamezikuta mara nyingi walipowauliza watu kwa nini wanawapeleka mbwa wao kwenye vituo vya wanyama waliokataliwa. Kilebu aliyefunzwa vyema amelindwa asitupwe.

Kwa hiyo, anayetamani kilebu aanze kwa kuzihesabu saa zake mwenyewe. Nani atakuwa nyumbani wiki zile za mwanzo, asubuhi, mchana, baada ya kila mlo? Nani ataamka usiku? Likizo ndefu ya mtu mzima mmoja inatosha kuanzia. Siku mbili za mwisho wa juma hazitoshi. Kama saa hizo zipo, amchukue, naye atapata mbwa wa kuishi naye miaka 10 na zaidi. Kama hazipo mwaka huu, asubiri mwaka zitakapokuwepo.